Kuvuta Unga

Saa tisa usiku Makó inanuka vitunguu,
hata theluji yake inanuka vitunguu,
na mimi navuka reli, mikono nimeificha mifukoni
kama mtu aliyeiba.

Mikono hii si ya mama.
Ni ya baba, fundi wa mabehewa;
ilinijia mizima mizima, kwa upana na vifundo vyake,
haikuuliza kama mwenye kuipokea ni msichana.

Shuleni waliniuliza: Boróka, hiyo ni mikono au makasia?
Nikacheka nao. Kicheko ndicho kilichoniuma,
kwa kuwa kilikuwa changu.
Mama, siku ya kuninunulia glavu,
aliipita kaunta ya wanawake bila kugeuka,
akasema za kiume zina joto zaidi.
Nikasema kweli, zina joto.
Hatukutazamana.

Kwa Bwana Dezső niliajiriwa kuosha sinia.
Mwenye vidole ni Emőke:
hukunja waridi la lozi, petali juu ya petali,
pasipo alama ya kucha, ungedhani limechanua lenyewe.
Nilijaribu moja. Likatoka kabichi.
Bwana Dezső akalitafuna, akasema
kabichi tamu hii, rudi kwenye sinia.

Februari, Emőke akalazwa na homa,
na harusi ya akina Kocsis inataka retesh arobaini.

Unga, yai, siki kijiko kimoja,
maji ya uvuguvugu, mafuta ya nguruwe kidogo.
Nikalibamiza donge mezani mara mia.
Kubamiza najua.
Kisha likalala chini ya bakuli la moto
kama mtoto anayejifanya amelala.

Kitambaa kikatandikwa meza nzima.
Bwana Dezső yuko kitini, anagombana na risiti.
"Vua pete."
Sina pete.
"Basi ingiza mikono chini. Migongo yake, si kucha.
Vuta kama unayemtoa mtu shuka usimwamshe."

La kwanza likapasuka.
La pili likapasuka, tundu la kupita paka.
La tatu nililia, chozi likadondoka katikati;
sauti kutoka kitini: chumvi nilishatia.

La nne
sijui nilifanya nini.
Labda nilichoka kujikunja.
Niliifungua mikono yote, mpaka mwisho wake,
kama anayeonyesha hana silaha,
na unga ukaanza kwenda.
Ukaenda. Ukapita ukingo wa meza, ukaning'inia,
ukawa pazia, ukawa pumzi juu ya kioo.
Vidole vyembamba vingeutoboa.
Mikono yangu iliubeba kama maji yanavyobeba jani,
bila kujua kwamba yanabeba.

Taa ilikuwa juu yangu.
Kupitia unga nikaiona:
vifundo, kovu la kisu, kidole gumba kama kizibo.
Haikuwa imepungua hata unywele.
Niliitazama kwa muda ambao sijawahi kuitazama.

Bwana Dezső akasogea na risiti yake,
akaipenyeza chini ya unga, akasoma kwa sauti:
siagi, kilo ishirini, bei... wezi hawa!
Akairudisha mfukoni.
Sifa nyingine hakunipa.

Mkono mtupu haulambwi;
wangu ulijaa cheri mpaka kwenye kiwiko.
Nilimpelekea baba kipande cha pembeni, kilichoungua,
tukala bila uma,
mikono minne ya namna moja juu ya sahani moja,
wala hakuna aliyeiombea radhi.

Jumatatu, nikivuka reli,
ilikuwa mifukoni tena. Mazoea hayana aibu.
Niliitoa ili nifungue mlango wa duka.
Ikabaki nje.